Miaka Niliyomvisha Karimi Radi

Nkirote, aliyeshika sindano baada yangu, ameniomba niandike. Anasema tangu niondoke kwenye chumba cha mavazi mwezi uliopita, nyinyi wasichana mnabishana juu ya mambo ambayo mimi nilikuwa nayamaliza kwa kukohoa tu. Basi naandika, lakini msitafute humu nililipwa nini wala nilipandishwa cheo lini. Cheo changu kilikuwa kimoja tangu mwanzo: mwenye sindano. Wengine mnamjua Karimi Radi kwa nywele zake nyekundu, kwa sauti yake, na kwa zile nguo zilizowafanya watu wazima wa Meru na Embu wapandishe miwani ili walaumu vizuri. Mimi namjua kwa vipimo. Bega lake la kushoto liko chini kuliko la kulia, na akiudhika kifua hupanuka kwa inchi nzima. Msimpime akiwa ametoka kuzungumza na meneja.

Mimi ni Zuhura, binti wa mchinjaji wa Meru mjini. Kwetu tumechanganyika: babu alitoka pwani, bibi ni wa ukoo wa Wanubi, mama ni Mmeru aliyesilimu kwa ajili ya ndoa na akawa mkali wa dini kuliko baba. Buchari ilirithiwa na kaka yangu Idrisa. Mimi sikuweza kusikia harufu ya maini asubuhi, kwa hiyo nikapelekwa kujifunza kushona.

Mwalimu wangu alikuwa Mama Marigu, mwanamke wa Mbeere, kutoka kule chini kunakokauka, aliyekuwa na duka la kushona karibu na soko la Meru. Alishona sare za shule na majoho ya kwaya. Siku ya kwanza niliingia na sindano zangu mpya kwenye mkebe. Hakuzitazama. Alinipa gunia la majoho ya zamani na wembe, akaniambia, "Fumua."

Nilifumua wiki tatu. Nilidhani ananionea kwa sababu mimi ni Mwislamu na majoho ni ya kanisa. Wiki ya nne aliniuliza, "Nani alishona hili jekundu?" Nikamwambia sijui jina lake, lakini alikuwa mtu wa haraka, alipenda kuficha mafundo kwenye pindo, na mkono wake ulichoka akifika mgongoni. Mama Marigu akacheka mpaka akaondoa miwani. "Ni mimi," akasema. "Nilikuwa na mimba ya mtoto wa pili." Siku hiyo akanikalisha kwenye cherehani.

Makosa yangu yalikuwa mengi, nitataja moja. Nilishona joho la mwimbaji mmoja wa besi, mtu mnene mwenye heshima zake, nikamwachia kwapa dogo. Jumapili wimbo ulipofika mahali pa kuinua mikono, yeye aliinua viganja tu, kama mtu anayesukuma mlango. Mama Marigu alinipeleka kanisani Jumapili iliyofuata. Nilikaa kwenye benchi la nyuma na hijabu yangu, wazee wakanikaribisha kwa tabasamu pana wakidhani nimeokoka. Nilikuwa nimekuja kutazama makwapa. Tulipotoka aliniambia, "Mtu akisimama wima, kila nguo inamtosha. Usimpime amesimama tu. Mpime akifanya kazi yake."

Miguu yake ilipoanza kuvimba alihamia Embu, kwa binti yake anayekaa mtaa wa Dallas. Aliniachia duka na cherehani ya mguu. Hakuniachia maneno mengi. Aliniambia tu niitie mafuta kila Jumamosi.

Karimi aliingia dukani mchana mmoja akitembea kinyumenyume. Nyuma, suruali ilikuwa imeachana toka juu hadi chini. Alikuwa na miaka kama ishirini, na hapo nje kulikuwa na jukwaa la mbao, duka jipya la magodoro likizinduliwa, na yeye ndiye wa kuimba.

"Anti, nisaidie haki ya Mungu. Imeraruka, na wananiita saa hii."

"Ivue."

"Siwezi ivua, nikivua sitaweza kuiingia tena. Niliingia na watu wawili wakivuta."

Nilifunga mlango, nikapiga magoti, nikamshonea mwilini. Muda wote alikuwa akiimba chinichini, anajaribu sauti yake. Nilimchoma sindano mara moja. Sauti ilipanda kidogo, haikukatika. Nikajua huyu ni mwimbaji.

Wiki moja baadaye alirudi na mchoro nyuma ya daftari. Ilikuwa picha ya mwanamke aliyefunikwa na michoro ya radi, moja begani, moja kifuani, nyingine ikizunguka kiuno na kushuka pajani. Radi zilikuwa za fedha.

"Na chini ya radi kuna nini?" nikamuuliza.

"Hakuna kitu, Anti. Ni mimi tu."

"Basi hapo tunaachana. Mimi na hakuna-kitu hatujawahi kushonana."

Aliketi chini, hakuondoka. Akaniambia amekulia kwenye kwaya huko Nkubu, miaka tisa amesimama wima mikono nyuma, na kila siku miguu yake ilikuwa inataka kitu kingine. "Sitaki kuwa uchi," akasema. "Nataka watu washtuke kwanza, ndio wanyamaze, ndio wanisikie." Nilifikiri usiku na mchana. Ndipo nikakumbuka neti, kile kitambaa chepesi cha kuvutika wanachotumia mafundi wa nguo za harusi kifuani na mgongoni. Ukikaa mbali unaona ngozi. Ukikaribia unaona nguo, tena yenye mikono mirefu na shingo.

Shida ilikuwa rangi. Neti iliyouzwa madukani kwa jina la rangi ya ngozi ilikuwa rangi ya ngozi ya watu wengine kabisa. Karimi alipoivaa alionekana kama amepakwa unga. Nilijaribu rangi za kununua, ikawa ya machungwa. Mwishowe nikageukia tulicho nacho huku kwetu. Nilichemsha majani ya chai, sufuria nzima nyeusi kama lami, nikaongeza kahawa kidogo na siki, nikaichovya neti na kuitoa, nikiilinganisha na mkono wake kila mara. Si kila neti hukubali. Ile ya nailoni hunywa chai vizuri. Nyingine huoshwa tu na kubaki ilivyokuwa. Jaribuni kipande kwanza, na msichovye Karimi akiwa ametoka juani, maana rangi yake hubadilika na mtalaumiana bure. Kwa miezi miwili duka lilinukia kifungua kinywa.

Ndivyo nilivyoanza safari za maonyesho. Mimi niliyejifunika tangu utosini nikawa nasafiri na masanduku ya nguo ambazo kaka yangu hakutaka kuzitaja. Idrisa alikuja dukani akasimama mlangoni na aproni yake.

"Dada, wateja wananiuliza kama siku hizi nyama na nguo tunauza kwa mizani moja."

"Waambie nguo ni nyepesi zaidi."

Hakucheka. "Watu watasema nini, Zuhura?"

"Watasema nimeshona vizuri."

Miezi miwili hakuja kwangu kunywa chai. Lakini kila mwisho wa mwezi nilimpelekea mkasi wangu mkubwa anoe, kama nilivyofanya siku zote, kwa sababu hakuna anayenoa chuma Meru kama mchinjaji. Aliupokea bila neno, akanirudishia ukiwa unakata unywele. Hakuacha hata mwezi mmoja, na hakuuliza unaenda kukata nini.

Sasa niwaambie kuhusu shoo ya mji wa Maua, maana mmeisikia vibaya. Karimi alitaka kufunga shoo ya kule kwa heshima ya watu wa miraa. Nilimshonea sketi ya vipande vinane virefu vya kijani, kama majani ya mgomba, vilivyomzunguka kama kibunda cha miraa kilichofungwa tayari kwa safari. Chini yake kulikuwa na kaptura nyekundu, fupi, fupi hasa. Katika wimbo wa mwisho angevuta jani moja baada ya jingine mpaka kibunda kifunguke. Vile vipande vilishikizwa na uzi dhaifu wa pamba ambao hukatika ukivutwa.

Asubuhi ile uzi wa pamba uliniishia nikiwa na vipande vitano mkononi. Nikatumia wa nailoni. Nilijiambia ni mishono michache tu, itakatika.

Nailoni haikatiki, wasichana wangu. Ilikuwa saa tisa mchana, uwanja umejaa, wafanyabiashara wengine wamesimama juu ya pikapu zao wakitafuna. Karimi alivuta jani la kwanza, likatoka. La pili, la tatu, watu wakapiga mayowe. La nne halikutoka. Akavuta kwa nguvu, na badala ya jani kushuka, kiuno chote cha sketi kikashuka, na kaptura iliyoshonewa humo ikakifuata. Alikishika kwa mkono mmoja, kipaza sauti kwa mwingine, akaendelea kuimba huku akigeuka kunitafuta kwa macho.

Sikumbuki kuamua. Nakumbuka mkasi ulikuwa mkononi na mbao za jukwaa zilikuwa zinadunda. Nilipiga magoti mbele ya Maua yote, na hijabu yangu na gauni langu refu, nikakata jani la nne. Kisha sauti moja ikapaa kutoka kwenye pikapu, "Kata!" Na uwanja mzima ukaitikia, "Kata! Kata!" Mpiga gitaa ni mtu mwenye akili, kila nilipofumba mkasi alipiga uzi mmoja. Nikakata la tano, la sita, la saba. Jani la nane nilipolikata Karimi alilichukua, akanivisha shingoni kama shada, akanipungia niende zangu. Niliteremka na jani shingoni.

Mutwiri, meneja, alinikumbatia kabla hajakumbuka mimi ni nani, akaomba msamaha. "Mama Zuhura, hii tunaiweka kila mahali," akasema. "Wewe na mkasi. Kila shoo!"

Nami nikakubali. Tena niseme ukweli, kwa sababu kumbukumbu zisizo na ukweli ni matangazo: nilipenda. Miaka yote nilikuwa mgongoni mwa watu nikiuma pini. Sasa watu walinijua. Tulipofika Meru, wanawake wawili sokoni waliomba kupiga picha nami, na nilinyoosha hijabu kwanza.

Picha ya Maua ilizunguka kwenye simu za watu kwa kasi kuliko miraa yenyewe. Chini yake wengi waliandika maneno ya mzaha, wengine ya matusi. Idrisa alinipigia simu.

"Huo mkasi kwenye picha ni ule ninaonoa mimi."

"Ndio, kaka."

Nikasikia shoka likigonga gogo upande wake.

"Umekata safi," akasema. Jioni ile alikuja kunywa chai.

Lakini picha haikuishia kwa Idrisa. Ilifika Embu, siku chache kabla ya onyesho letu la pale, na ikafika mkononi mwa Mama Marigu. Hatukuwa tumeonana kwa miaka kadhaa. Nilimtumia salamu za sikukuu, basi. Sikujua kwamba alikuwa amechaguliwa mwenyekiti wa kikundi cha akina mama wa kanisani, na sikujua kwamba akina mama hao walikuwa wameandika barua kwa ofisi inayotoa ruhusa ya uwanja. Ofisa mhusika hakutaka ugomvi na akina mama. Alimwambia Mutwiri: wao wakiondoa barua, mnaimba, wasipoondoa, mnarudi Meru.

Mutwiri alinitazama. "Huyo mama si ndio alikufundisha? Enda umtulize."

"Mama Marigu hatulizwi," nikamwambia. "Anaelezwa."

Tulikwenda Dallas siku iliyotangulia shoo, baada ya chakula cha mchana, mimi na Karimi. Yeye alibaki kwenye gari na vazi kwenye mfuko. Mama Marigu alikuwa ameketi sebuleni na wenzake wanne, miguu juu ya kistuli. Alikuwa amekonda, lakini miwani ilikuwa ileile. Nilimsalimia kwa mikono miwili. Alinipa chai, akangoja nimalize kikombe, maana kwao mgeni hagombezwi akiwa na koo kavu.

Kisha akasema, "Zuhura, mimi nilikufundisha kushona. Kufungua sikukufundisha."

"Mama, ilikuwa ajali. Uzi ulikataa."

"Mara ya kwanza ilikuwa ajali. Naambiwa siku hizi unapanda kila mahali." Wale wanne wakaitikia kwa koo. "Wewe mwenyewe umejifunika vizuri hivi. Mtoto wa mwenzako unamwacha uchi mbele ya watu. Hapo moyoni unajisikiaje?"

Swali hilo nilikuwa nimejiuliza, nikalijibu kama nilivyojijibu. "Mama, yeye ana njia yake na mimi nina yangu. Hajaniambia nivue, sijamwambia ajifunike. Lakini uchi sijawahi kumwacha. Kila unapoona ngozi pale, kuna kitambaa, na nimekishona kwa mkono wangu. Anataka watu wamwone jasiri. Kazi yangu ni kuona asiumie."

"Kitambaa gani? Mimi nimeona mapaja."

"Umeona chai, Mama."

Akaninyooshea kidole. "Ako wapi huyo msichana? Mwite."

Karimi aliingia ameinamisha kichwa, nywele nyekundu amezifunga kitambaa. "Shikamoo, Cucu," akamwamkia kama bibi yake.

"Mimi si cucu yako bado. Vaa hiyo kitu nione."

Alivaa chumbani. Ilikuwa vazi la radi, jipya, nililolishona kwa ajili ya Embu. Alipotokea mlangoni, mama mmoja alimwita Mungu, "Mwathani!" akajifunika uso, vidole vikiwa vimeachana vya kutosha. Mama Marigu hakujifunika. Alimwita karibu, akamfinya mkono, akavuta. Ngozi ikaja nayo, ikanyooka kama ulimbo.

"Kumbe ni kitambaa," akasema.

"Mpaka vidoleni, Cucu. Hata baridi sisikii."

Basi mmoja mmoja akina mama wakainuka kuja kugusa. Walivuta mikono, walivuta mgongo, mmoja akataka kujua kama ina zipu na mwingine akaulizia kama inapatikana ya wanene. Nikaanza kupumua. Hapo Mama Marigu akasema, "Sasa cheza."

"Hapa, Cucu?"

"Si kesho unachezea Embu nzima? Sisi ni watano tu."

Karimi aliimba mwenyewe na kucheza kati ya makochi. Akaja ule mchezo wake wa kushuka chini taratibu mpaka akachuchumaa na kuinuka kwa ghafla. Alishuka. Tukasikia, sote saba, mlio kama wa karatasi ikichanwa. Mshono ulifunguka kutoka kiunoni hadi karibu na goti. Karimi alinyakua kile kitambaa cheupe cha kufumwa kilichofunika kochi, akajizungushia.

Hakuna aliyecheka. Mama Marigu alinigeukia.

"Ulimpima amesimama."

"Ndio, Mama."

"Kwa nini?"

"Nilikuwa na haraka."

"Haraka ya nini?"

Niliinama nikaokota nyuzi zilizoanguka. Wiki ile yote nilikuwa nafanya mazoezi ya jukwaani na mkasi wangu. Vazi la radi nilikuwa nimelishona kwa mkono wa kushoto, kama wanavyosema. Macho yangu yalijaa.

"Huyu mtoto kesho angeaibika," akasema, bila kupaza sauti. "Si kwa sababu ya nguo fupi. Kwa sababu yako. Lete hapa."

Aligeuza vazi nje ndani na kulipitisha vidoleni mshono kwa mshono, kama mtu anayechambua maharagwe. Binti yake akaleta cherehani kutoka chumba cha nyuma. Tulihitaji viraka vitatu vya pembe nne, vilivyokaa kama almasi, kimoja kila kwapa na kimoja katikati ya miguu, ili nguo iwe na mahali pa kwenda mwili unaposhuka. Nilikuwa na neti ya akiba kwenye gari, lakini ilikuwa bado nyeupe. Nikauliza kwa aibu kama nyumba ina majani ya chai.

Ndivyo ilivyokuwa kwamba akina mama walioandika barua ya kuzuia shoo wakajikuta jikoni, wakikoroga neti kwenye sufuria. Karimi alisimama kati yao amejifunga kitambaa cha kochi kifuani, mkono ameunyoosha wa kulinganishia.

"Ongeza majani."

"Hapana, huyo amekolea kuliko hapo. Weka kahawa."

"Kahawa ya wapi? Hiyo ni ya mgeni!"

"Na huyu si mgeni?"

Tulishona mpaka alasiri ikaisha, mimi nikiendesha cherehani, Mama Marigu akishikiza kwa mkono. Hakuniambia neno tamu hata moja, ila nilipokosea aliinua kidole tu, nami nikafumua. Karimi alipovaa tena, Mama Marigu alimshusha na kumwinua mara kumi na tano. Halafu akachukua simu akampigia ofisa. "Tumekagua," akasema. "Barua tumeondoa."

Kwenye mlango alimwambia Karimi, "Usidhani nimekubali. Mimi bado sipendi. Binti yangu singemvalisha hiyo."

"Na mimi singekulazimisha uvae, Cucu," Karimi akamjibu.

Mama Marigu akacheka kama alivyocheka siku ile ya joho jekundu. Kisha kwangu akasema, "Wewe, ule mkasi uache chini. Fundi akitaka kuonekana ajifunze kuimba." Sikupanda tena jukwaani. Mutwiri alinung'unika mwezi mzima.

Kesho yake mchana akina mama watano walifika uwanjani wamevaa vitambaa vyao vya kikundi. Niliwaweka pembeni ya jukwaa. Wanne walitazama huku na huko, wakaanza kutikisa mabega polepole. Mama Marigu hakutazama kingine chochote ila kiuno cha Karimi, kwapa la Karimi, goti la Karimi. Midomo ilikuwa ikihesabu. Wimbo ukafika penyewe. Karimi akashuka, akakaa chini huko muda mrefu kuliko tulivyopatana, akaruka juu na mikono yote miwili mbinguni. Mshono ukakaa. Wimbo haukuwa umekwisha, uwanja mzima ulikuwa kimya ukingoja neno la mwisho, na katika ukimya huo mtu mmoja akapiga makofi kwa nguvu. Wenzake wakamgeukia kwa mshangao.

"Msinitazame," akasema Mama Marigu. "Napigia mshono."

Miaka iliyofuata ilikuwa ya kazi tu, na kazi nzuri haina hadithi. Tulitengeneza vazi la vifuniko vya soda, zito kama mtoto wa miaka minne, na jingine la karatasi za magunia ya saruji lililokwisha mvuani huko Chuka kwa dakika moja. Kikundi cha Mama Marigu kiliniagiza sare mpya zenye viraka vya kwapa, nao sasa huinua mikono kuliko kwaya yoyote Embu. Yeye mwenyewe bado yuko, hasikii vizuri, na nikimtembelea hugeuza pindo la gauni langu kabla hajajibu salamu.

Nimestaafu kwa sababu ya macho. Siku nilipomwomba Nkirote anitungie uzi mara tatu, niliweka sindano chini. Nkirote alishona vazi la onyesho lililofuata peke yake, na lilikuwa jambo ambalo hakuna aliyelitarajia. Karimi, ambaye sasa ni mama wa watoto wawili, alitaka gauni refu la buluu, mikono mirefu, shingo iliyofungwa, bila neti hata kidogo. Alisema watu wamemzoea, hawashtuki tena, na hilo ndilo litakalowashtua.

Siku hiyo hapo Meru mjini nilikata tiketi yangu nikaketi kwenye viti vya plastiki katikati ya watu. Alipotokea na gauni lile, watu walizomea. Mwanamke aliyekaa karibu nami, wa rika la Karimi, alishika kiuno akaniambia, "Mama, ona aibu! Tumetoka mbali hivi, anatuvalia kama mwalimu mkuu!" Nilimwambia angoje kidogo. Nilitaka sana kujua kama Nkirote amepiga pasi mishono ya ndani, nikajizuia.

Halafu Karimi akaanza kuimba ule wimbo wa taratibu, na wale waliozomea wakanyamaza. Nimesikia wimbo huo pengine mara mia tano. Nimeusikia nikiwa nimepiga magoti, nikiwa na pini mdomoni, nikiwa nimeshika zipu iliyokwama, siku zote nikiwa nyuma yake. Mgongo wake ningeweza kuuchora gizani. Lakini uso wake akiwa kazini kwenye wimbo huo nilikuwa sijauona hata siku moja. Nilikuwa sijui kwamba akifika ubeti wa mwisho, Karimi hufumba macho.